Fimbo ya Upande wa Pili

Kila mwaka mavuno yakiisha, Bibi hunitumia gunia la ulezi kwa basi, kutoka Sumbawanga hadi hapa Dodoma. Hutuma pamoja na maagizo: nisiuuze, nisiusage wote kwa mara moja, na nisimgawie mtu asiyejua kusonga ugali wa ulezi. Mwaka huu nilipofungua kamba ya gunia, vumbi lilinipanda puani kabla sijainua mkono. Nyie mliokulia kule juu mnalijua vumbi hilo. Ni la makapi, jekundu, lina harufu ya majani makavu na moshi kidogo, na likishakugusa shingoni utajikuna mpaka kesho. Nilipiga chafya tatu, na ya tatu ilipokwisha nikajikuta naimba.

Binti yangu alikuwa mezani na madaftari yake. Akaniuliza, "Mama, huo wimbo wa nani?"

"Wa kwetu," nikamjibu.

"Na hayo maneno maana yake nini?"

Hapo nikaanza kucheka peke yangu kama mwehu, maana maneno ni Kifipa, lakini wimbo wenyewe ni rege, na ulitoka Australia. Ikabidi nimkalishe chini nimsimulie, na nilipomaliza nikaona niuandike kabisa, nisije nikazeeka nikaanza kuuchanganya.

Nilikuwa na miaka kumi, darasa la nne, tunakaa Malangali, mtaa wa Sumbawanga mjini, baba akiwa fundi cherehani na mama akiuza maandazi. Rafiki yangu wa chanda na pete alikuwa Neema. Wazazi wake walihamia kutoka Mbeya, mama yake nesi. Neema alikuwa na soksi ndefu nyeupe ambazo sijui zilikuwa hazichafukaje katika vumbi lile letu, na alikuwa anajua kucheka vizuri, ndiyo maana nilimpenda. Alichokuwa anakicheka ndicho kilichoniponza. Kila mara ilikuwa hadithi za Wafipa: Wafipa wanasafiri kwa ungo, Wafipa ukiwakosea wanakutumia radi, Mfipa ukimsalimia vibaya unaamka umelala shambani kwake. Darasa zima lilicheka, na Wafipa wenzangu nao walicheka, na mimi nilicheka kuliko wote. Siku aliyoniuliza, "Kwani wewe kabila gani?" nikamwambia sisi ni watu wa Mbeya, tumehamia tu. Mbeya nilikuwa nimewahi kufika mara moja, nikalala siku mbili, nikatapika kwenye basi kwenda na kurudi.

Uongo huo mdogo ningeweza kuishi nao. Tatizo ni kwamba Bibi, mama yake baba, alikuwa anakaa Kasense, na Kasense siyo mbali. Siku moja akaja mpaka getini shuleni na mahindi ya kuchemsha kwenye kitambaa, miguu imejaa udongo, akaniita kwa Kifipa kwa sauti yake ile ya kuitia ng'ombe. Nikakimbia, nikapokea mahindi, nikamwambia kwa Kiswahili, "Asante, nenda sasa." Neema akauliza yule nani. Nikasema, "Ni mama mmoja anayetuuzia mahindi."

Bibi hakusikia. Au alisikia, sijui, sijawahi kumuuliza mpaka leo na wala sina nia. Mahindi nilishindwa kuyala.

Likizo ya katikati ya mwaka ilipofika nikapelekwa Kasense kama kawaida, kusaidia ulezi. Ulikuwa msimu wa baridi ile yetu, upepo unakata masikio, na mtu unalala na sweta juu ya sweta. Nilimkuta mgeni. Baba Mdogo Vitus, mdogo wake baba, alikuwa na duka la vinywaji Kasesya, pale malori yanapopanga foleni kuvuka kwenda Zambia. Dereva mmoja alikuwa amemshushia abiria anayetetemeka kwa malaria. Alikuwa mwanaume wa makamo, mweusi, mwenye ndevu nyingi na kifua kipana, fundi wa mitambo katika migodi ya Zambia, aliyekuwa kwenye likizo yake akitaka kuona Ziwa Tanganyika. Vitus hakuwa na pa kumlaza, kwa hiyo alimpeleka kwa mama yake. Alipopona, Bibi akakataa aondoke mpaka arudishe mwili. Jina lake lilikuwa Danieli, au ndivyo tulivyolifanya.

Sasa, mtu akiingia kwa Bibi lazima asalimiwe kwa kuchutama na kupigiwa makofi taratibu, ndivyo Wafipa tunavyosalimiana kwa heshima, na yeye naye ajibu hivyohivyo. Bibi alimsalimia Danieli siku ya kwanza akiwa bado na homa, na Danieli akamkodolea macho tu. Wakamjaribu Kiswahili, hola. Wakati nafika, mimi nilikuta mjadala umeshafika mbali.

"Huyu ni mtoto wa wale waliokwenda Tanga," Bibi alisema.

Lazima niseme hapa kwamba zamani za ujana wake vijana wengi wa Ufipa walichukuliwa kwenda kukata mkonge kule Tanga, wakaitwa manamba, na wengine hawakurudi. Mmoja wao alikuwa kaka yake Bibi. Basi kila mwanaume mweusi aliyekuja bila ukoo unaojulikana, Bibi alimkagua paji la uso.

"Mama," Vitus akasema, "huyu ametoka Australia."

"Hiyo Australia ukitoka huku iko mbele ya Tanga au nyuma?"

Vitus akafikiri. "Mbele. Mbele sana."

"Haya, si ndiyo hivyo. Walipitiliza."

Mimi niliamini kabisa. Na ushahidi nilikuwa nao. Danieli alivaa kapelo nyeusi isiyotoka kichwani, na mbele yake palishonwa kitambaa kidogo: juu nyeusi, chini nyekundu, katikati duara la njano. Mtoto yeyote wa Kasense angekwambia hiyo ni picha ya nini. Ni uwanja wa kupuria ulezi. Sisi tulikuwa tunasawazisha duara kubwa shambani, tunalipaka samadi na udongo mpaka linakuwa gumu kama sakafu, halafu tunamwaga masuke juu yake. Likijaa mabua makavu linang'aa njano. Nyekundu ni ardhi yetu, na nyeusi ni majani tuliyochoma. Nikamwonyesha Bibi. Bibi akainama, akaikodolea kapelo, akasema, "Hata uwanja wameukumbuka. Lugha tu ndiyo imewapotea." Akaanza siku ileile kumfundisha Kifipa, kama anavyofundishwa mtoto: maji, moto, kaa, kula. Danieli alikuwa mwanafunzi mbaya sana lakini hakuchoka. Alikuja kujua makofi ya salamu kabla hajajua neno lolote, na akawa anampigia makofi kila mtu, hadi mbuzi.

Kwenye begi alikuwa na kanda moja. Redio kaseti ya Vitus ilikuwa inakula betri kama mlafi, kwa hiyo mchana kutwa tulizianika juani juu ya paa la banda zipate nguvu. Tuliposikiliza kanda ile mara ya kwanza nilijua ni rege, maana rege hata mimi nilikuwa naijua kutoka kwenye malori. Lakini kulikuwa na wimbo mmoja ambao Danieli alikuwa akiusikia anasimama. Hachezi. Anasimama tu, mkono kifuani, anauimba wote kwa macho makavu. Vitus, kwa Kiingereza chake cha mpakani, akamuuliza ni wimbo wa taifa? Danieli akacheka akasema hapana, lakini kwao wanasimama hivyohivyo. Vitus akatutafsiria: wanaoimba ni watu weusi wa nchi ile, walikuwepo kabla wageni hawajaja, bado wapo, na hawamwonei haya mtu.

"Hawamwonei haya mtu," Bibi alirudia. Mimi nikaangalia miguu yangu.

Siku ya kupura majirani walikuja asubuhi, kila mtu na fimbo yake, maana Bibi alikuwa ameshapika pombe. Kupura ulezi siyo kupiga ovyo. Watu wanasimama mistari miwili wanatazamana, masuke katikati. Upande wa kwanza ukishusha fimbo, upande wa pili unazipandisha, halafu wa pili unashusha. Kila mtu ana mwenzake wa mbele yake anayemjibu. Ukichelewa kidogo unaweza kumvunja mtu kidole. Ndiyo maana lazima kuwe na wimbo, na mwimbishaji alikuwa Bibi.

Nilipangiwa kutazamana na Danieli, kwa sababu wote wawili tulikuwa hatuna faida. Tulianza na nyimbo za siku zote, na Danieli akawa anakosea kila fimbo. Wenzake wakishusha, yeye ndiyo anapandisha. Watu wakamtania, Vitus akachoka kutafsiri matusi. Mwisho Danieli akaomba dakika moja. Akaenda kuleta redio, akaiweka juu ya kinu, akaweka ule wimbo wake.

Mnaijua rege ilivyo. Lile gitaa halipigi pale mguu wako unapokanyaga. Linasubiri, linapiga pale mguu unapoinuka. Bibi alisikiliza kidogo, fimbo begani. Kisha akasema, "Kumbe huyu hajakosea. Alikuwa upande wa pili." Akamhamisha, na mimi nikavuka kushika pale alipotoka, tukabaki tunatazamana. Mstari wa kwanza ukashusha na ngoma, mstari wa pili ukashusha na gitaa, na jamani, uwanja wote ukashika. Sijawahi kusikia kitu kama kile. Punje zilikuwa zinaruka hadi kwenye nywele. Kaseti ikawa inarudishwa nyuma kwa kalamu ili tusimalize betri, na ilipofika mchana Bibi alikuwa ameshautilia wimbo ule maneno yake ya Kifipa, kwa sababu Kiingereza hakukijua na hakuona kama ni tatizo. Alisema sisi ni wa hapa, udongo huu unatujua kwa majina, anayetaka kutuuliza atuulize wenyewe. Wazee kwa vijana waliitikia.

Wakati wa kula tulikaa kivulini mwa banda na ugali na maharage. Bibi, akiwa amechangamka na pombe kidogo, alimuuliza Danieli swali alilokuwa amelitunza: nani aliyewapoteza lugha? Kaka yake alikuwa anajua Kifipa vizuri, inakuwaje wajukuu hawajui?

Danieli akajibu. Vitus alitafsiri polepole, na safari hii hakuweka mzaha wake. Danieli alisema yeye siyo mtoto wa Tanga. Alisema anaomba radhi kama alituacha tuamini hivyo. Watu wake ni wa kulekule, tangu zamani ambayo hakuna aliyeihesabu, na kitambaa cha kapelo yake ni bendera yao: nyeusi ni wao, nyekundu ni ardhi, duara ni jua. Bibi yake mzaa mama alichukuliwa kwao kwa nguvu na serikali ya wale wageni akiwa mdogo kama mimi, hapo akanionyesha kwa kidevu, akapelekwa kwenye nyumba ya kulelea watoto. Akiongea lugha ya mama yake anachapwa. Akaacha kuiongea. Alipokua akatoka pale, lugha ilikuwa imekwisha. Yalibaki maneno machache ambayo alimwachia Danieli. Danieli akayataja yote, akihesabu kwa vidole, na vidole vya mikono miwili vilitosha.

Nilimtazama Bibi nikidhani atakasirika kwa kunyang'anywa ndugu. Aliweka tonge lake chini. Halafu akasema, "Basi huyu tumpe yetu, aitumie, mpaka apate yake."

Mimi nilikuwa na lugha nzima, na nilikuwa nimeifukuza getini pa shule na mahindi yake ya kuchemsha. Sikulia, ila chakula kilinigoma tena, mara ya pili kwa sababu ileile.

Tulirudi uwanjani. Hatujapiga hata nusu saa, nikaona watu wawili wanakuja kwa njia ya shambani, mtu mzima na mtoto, na mtoto amevaa soksi ndefu nyeupe. Mama yake Neema alikuwa anatafuta ulezi mpya wa uji wa mdogo wake Neema, na mtu alikuwa amemwelekeza kwamba Kasense kuna mama mmoja ulezi wake hauna mchanga. Nikatupa fimbo, nikaingia nyuma ya kihenge. Nilifanya hivyo kabla akili haijaniambia, na nilipokwisha kujibanza pale, uso kwenye fito, ndiyo nikaanza kupiga hesabu. Akinikuta hapa, nimekwisha. Mbeya yangu imekwisha. Na akimtambua Bibi, nimekwisha mara mbili.

Nilisikia Mama Neema akitoa shikamoo, na Bibi akiitikia na kumwambia asubiri kidogo, ulezi haupurwi nusu. Nikasikia Neema akiuliza, "Mama, si yule mama anayeuza mahindi?" Wimbo ukaanza tena. Kanda ilikuwa imeshanyamaza, betri zimekwisha, ni sauti za watu tu.

Na wimbo ulikuwa unachechemea. Ungekuwa hapo ungesikia hata kama hujui muziki. Fimbo zote zilijibiwa isipokuwa moja. Danieli alikuwa anashusha yake, halafu kimya, halafu anashusha. Hakuna wa kumjibu. Mtu ambaye nimetoka kumsikia akihesabu maneno ya bibi yake kwa vidole alikuwa anapiga peke yake, na mwenzake nilikuwa mimi, na mimi nilikuwa nyuma ya kihenge namficha bibi yangu.

"Skola!" Bibi aliita. Kisha akaongeza kwa Kifipa, sauti ileile ya ng'ombe: nafasi yako iko wazi.

Nikamjibu kwa Kifipa kwamba nakuja. Nilisema kwa nguvu ili nisipate nafasi ya kujirudi. Nikatoka, makapi yamejaa nywele, nikaokota fimbo, nikasimama pale pangu na kusubiri Danieli ashushe, nikamjibu. Danieli hakujua lolote la Neema wala la Mbeya. Alifurahi tu kwamba nimerudi, akanipigia makofi ya salamu katikati ya kazi, nusura avunjwe vidole na jirani yake.

Niliimba ubeti wote bila kumtazama Neema. Nilipomtazama, mdomo ulikuwa wazi. Tulipopumzika akaja mpaka pembezoni mwa uwanja.

"Kumbe wewe Mfipa," akasema.

"Ndiyo."

"Na huyu mama wa mahindi?"

"Siyo mama wa mahindi. Ni bibi yangu. Mzaa baba."

Nilisubiri acheke. Nilikuwa nimejiandaa, hata fimbo nilikuwa nimeishika vizuri. Neema alimtazama Bibi, akautazama ungo uliokuwa umeegemezwa ukutani mwa banda, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Sasa huo ndio mnaosafiria?"

Sijui kama alikuwa anatania au la. Nikamwambia, "Ndiyo, lakini leo tunapepetea. Safari ni Jumamosi." Alicheka mpaka akakaa chini na soksi zake. Baadaye akaomba fimbo. Alikuwa anapiga vibaya kuliko Danieli, hana upande wa kwanza wala wa pili, na mama yake alipiga chafya mfululizo akisema twende, twende, na hawakwenda mpaka jioni. Tulipofungua shule Neema aliwaambia wote kwamba mimi ni Mfipa halisi. Zile hadithi za radi ziliendelea, ila sasa mimi ndiye niliyekuwa nazisimulia, na nilizisimulia vizuri kumzidi.

Danieli aliondoka kabla likizo haijaisha. Alimuaga Bibi kwa kuchutama, makofi, na salamu nzima ya Kifipa bila kosa, isipokuwa ilikuwa ni salamu ya asubuhi na muda ulikuwa saa kumi jioni. Kanda alituachia. Redio iliimeza mwaka uliofuata, ikautoa utepe wote nje, na tukaufungia mbegu za maboga. Wimbo haukuhitaji kanda tena. Pale Kasense wanaupuria mpaka leo, na ukiwaambia vijana kwamba ni wimbo wa Australia wanakutazama kwa huruma.

Baada ya kumsimulia binti yangu haya yote, alichukua simu yangu akaanza kutafuta. Hatukuwa na jina la wimbo. Tulihangaika siku mbili, mpaka jioni moja likalia lile gitaa linalosubiri, nikasimama jikoni na mwiko mkononi. Waliokuwa wanauimba hawakuwa wanamuziki wa kwenye kanda. Walikuwa watoto wa shule wamepanga mistari, bendera ya uwanja wetu wa kupuria nyuma yao, na walichoimba hakikuwa Kiingereza. Maelezo ya chini yalisema wanaimba kwa lugha ya mababu zao, ambayo siku hizi wanafundishwa darasani. Sijui kama ni kabila la Danieli. Kule nako makabila ni mengi.

Likizo hii tukaenda Kasense. Bibi amezeeka, masikio yamechoka, lakini mdomo bado. Nikamwekea simu sikioni. Alisikiliza, kidole kinagonga goti, na kilikuwa kinagonga upande wa pili.

"Siyo Danieli huyo," akasema.

"Siyo yeye. Ni watoto wa kwao."

"Wanasema nini?"

"Sijui, Bibi. Siyo Kiingereza. Ni lugha yao wenyewe. Wameanza kufundishwa."

Aliendelea kugonga goti mpaka wimbo ukaisha. Akanirudishia simu.

"Haya. Wamepata yao," akasema. "Mwambie Danieli aturudishie ile yetu, tumpe huyu." Na kwa kidevu akamwonyesha binti yangu, ambaye wiki nzima tuliyokaa pale, kila asubuhi alimwambia Bibi shikamoo tu.

Miaka yote hiyo ya magunia ya ulezi, na lugha sikumpa mtoto. Binti yangu alinitazama, akamtazama Bibi, akaweka simu chini. Akachutama mbele yake, akapiga makofi mawili taratibu kama nilivyomsimulia, akasubiri apewe neno la kwanza.